Jinsi ya kushuti filamu fupi ya ndoto kuhusu dunia ya mtoto, kwa simu yako na vyombo vya nyumbani

Mpwa wangu alikuwa na miaka 6 aliponiambia kwamba baba yake anavua mwezi. Tulikuwa tumekaa uani Tanga baada ya kula, nikamuuliza unajuaje, akanambia mwezi ukiwepo baba analala nyumbani, mwezi ukipotea na baba nae haonekani, sasa mjomba we unadhani anaenda wapi? Sikuwa na jibu. Mana ni kweli, baba yake anavua dagaa, na dagaa huku pwani wanavuliwa kwa taa usiku wa giza, mbalamwezi ikiwaka taa ya mvuvi haina nguvu tena ya kuwavuta ndo mana siku zile wavuvi wengi wanapumzika na kushona nyavu. Mtoto ameona jambo la kweli kwa macho yake, alafu akalitafutia sababu yake mwenyewe.

Kutokana na maneno yale nikashuti filamu ya dakika 7, bila pesa ya maana, kwa simu. Nilikosea sana mwanzoni na nikarudia karibu yote, sasa naweka hapa njia nzima niliyopita ili anaetaka kufanya kitu kama hiki asipoteze muda wake na wa mtoto wa watu.

HATUA YA 1: TAFUTA KANUNI YA MTOTO, STORI ITAKUJA YENYEWE

Hapa ndo wengi tunaharibu. Tunakaa sisi watu wazima tunajitungia mtoto anaota anapaa, anaongea na simba, anakutana na malaika, alafu tunamvalisha gauni jeupe na kuwasha moshi. Hiyo ni ndoto ya mtu mzima anaejifanya mtoto na ukiiangalia unaona kabisa ni ya uongo.

Dunia ya mtoto ina kanuni. Inaweza kuwa kanuni ya ajabu lakini yeye anaishika kwa ukamilifu, hacheki nayo. Yule mtaalamu wa Uswisi, Jean Piaget, miaka ya 1920 alikuwa anakaa na watoto anawauliza maswali kuhusu jua na mwezi, na wadogo wengi wakamwambia mwezi unawafuata wakitembea. Na sisi wote tulishakimbia usiku tukageuka kuangalia kama bado unatufuata, au sio? Mtoto wa umri ule kitu kinachosogea kwake ni kitu chenye uhai, kina nia, kinataka jambo.

Kwa hiyo kabla ya kushika simu kaa na mtoto wiki moja au mbili, sio kwa kumhoji, kaa tu pale anapocheza. Akicheza baba na mama sikiliza nani anakuwa nani na kwa nini. Muulize nini kiko uvunguni, nani anaishi kwenye kisima, mbona paka haongei. Usimsahihishe. Ukimwambia "hapana mwezi hauvuliwi" umeshaua filamu yako hapo hapo. Andika maneno yake kama yalivyo, usiyapendezeshe.

Mwisho wa hizo wiki uwe na sentensi moja tu. Yangu ilikuwa hii: baba anaondoka mwezi ukipotea, kwa hiyo mwezi ukikaa nyumbani baba hataondoka. Basi. Ukishapata sentensi kama hiyo stori inajiandika, mana lazima mtoto atataka kuukamata mwezi. Ataukamata na nini? Na kilichopo nyumbani. Beseni la maji, kwa sababu ameuona mle. Ataufunika na nini usitoke? Na kawa, kwa sababu bibi anafunikia chakula kwa kawa. Hakuna nilichobuni pale, nilifuata tu.

Na ukiipata kanuni usiongeze ya pili. Mie kwenye skripti ya kwanza niliweka na samaki anaeongea, dada yangu akaisoma akaniuliza huyu samaki katokea wapi, nikakosa jibu, nikamtoa.

HATUA YA 2: ANDIKA PICHA

Usiandike maongezi. Andika kitu kinachoonekana na kitu kinachosikika, mstari kwa mstari. Kuna Mfaransa anaitwa Albert Lamorisse mwaka 1956 alitoa filamu ya dakika 34 kuhusu mtoto na puto jekundu, mtoto mwenyewe ni mwanae wa kumzaa, na humo ndani karibu hakuna maongezi kabisa, na bado ikachukua Oscar ya skripti. Ya skripti! Yani skripti ni mpangilio wa mambo, maneno mdomoni ni kitu kingine.

Ya kwangu ukiifupisha ilikuwa hivi: mtoto anamuona baba anabeba nyavu na kutoka, nje giza. Mtoto anashusha chandarua na chumba kinakuwa maji. Siku zinapita, mwezi unarudi, baba analala sakafuni kwenye mkeka na mtoto anamhesabu vidole vya miguu. Mtoto anaukamata mwezi kwenye beseni na kuufunika. Giza linakuja tena lakini chini ya kawa kuna mwanga.

Nilipanga picha 40 hivi kwa dakika 7. Ukienda zaidi ya dakika 10 kwa filamu ya kwanza utachoka na mtoto atachoka. Matamasha mengi yanakubali filamu fupi mpaka dakika 40 lakini hiyo isikutamanishe.

Alafu chagua umbo moja litakalojirudia. Langu lilikuwa duara: beseni, mwezi, chapati, mdomo wa pipa, jicho la mtoto, taa ya boti ikiwa mbali. Ndoto inashikana kwa maumbo kuliko kwa matukio, mtazamaji hatajua kwa nini anahisi vitu vinahusiana lakini atahisi.

HATUA YA 3: VIFAA

Fupi tu. Simu yenye kamera inayokubali kufungwa fokasi (pale picha inapokuwa kali) na mwanga, visijibadilishe vyenyewe wakati unashuti, kama ya kwenye simu yako haikubali pakua programu ya bure kama Open Camera. Simu ya pili ya kurekodi sauti. Tochi mbili. Pawabenki. Stendi kama unayo, kama huna ndoo iliyopinduliwa na mfuko wa mchele wa kilo 1 juu yake, simu unaiegemeza kwenye mchele na inakaa imara kabisa, nimeshuti nusu ya filamu hivyo.

Mwaka 1943 huko Los Angeles Maya Deren na mumewe walitengeneza filamu ya ndoto ya dakika kama 14 nyumbani kwao, kwa ufunguo, kisu, simu ya mezani, ua na ngazi, na mpaka leo inafundishwa vyuoni. Ufunguo na kisu unavyo.

HATUA YA 4: MTOTO KWANZA, KAMERA BAADAE

Ongea na wazazi wote wawili kama wapo, waambie filamu inahusu nini, itaoneshwa wapi, na wakubaliane kwa maandishi hata kama ni ndugu zako. Alafu muombe mtoto mwenyewe. Akisema leo sitaki, leo hamshuti. Mie ilitokea mara mbili, tukala mihogo tukarudi nyumbani, siku ya tatu akaja mwenyewe kunivuta shati.

Mzazi au mlezi wake awepo muda wote. Shuti masaa mawili kwa siku yasizidi, asubuhi au jioni kabla hajachoka, na usimwamshe mtoto usiku wa manane eti unataka giza la kweli, hilo giza ntakuonesha unalipataje. Beseni la maji lisiachwe na mtoto peke yake hata dakika moja. Kibatari na mshumaa aviguse mtu mzima tu, tena mbali na chandarua, mana chandarua kinashika moto haraka sana.

Na hili naomba lisomwe vizuri: usimtishe mtoto ili alie. Nimeshawahi kuwa kwenye lokesheni moja mtoto akaambiwa mama yake kaondoka ili kamera ichukue machozi, na ilichukua kweli, lakini yule mtoto hakutaka tena kushikana mkono na mtu yeyote pale siku nzima. Huzuni ya mtoto kwenye filamu unaipata kwa kumpa kazi ya mikono. Mwambie akunje shati la baba yake polepole, likae vizuri, asiache mkunjo. Atainamisha kichwa, atanyamaza, na mtazamaji atalia mwenyewe.

Usimpe skripti aikariri. Mpe mchezo. "Ukiona huu mwanga kwenye maji jaribu kuushika bila kuumwaga." Alafu acha kamera iende. Vitu vizuri vinakuja baada ya dakika 3 au 4, anaposahau kama upo.

HATUA YA 5: SHUSHA KAMERA

Mtoto wa miaka 6 au 7 ana urefu kama sentimita 115 mpaka 120, kwa hiyo macho yake yapo kwenye mita 1 na kidogo. Kamera yako iishi hapo, au chini zaidi. Filamu nzima. Usiinamishe simu kutoka juu kama unavyopiga picha za birthdei, hapo unamwangalia mtoto na sisi tunataka kuangalia pamoja nae.

Ukishusha kamera dunia inabadilika bila efekti yoyote. Meza inakuwa dari. Watu wazima wanakuwa miguu, kanga, mikono yenye vyombo. Mie niliamua sura ya baba isionekane kabisa mpaka pale anapochuchumaa kwa mtoto, karibu dakika ya 6, na watu wananiambia ile sura inawagusa sana wakati yule shemeji yangu hajaigiza chochote, kachuchumaa tu na kunusa mkono wake kama bado unanuka samaki.

Seting za simu: umeme wetu ni wa hezi 50, kwa hiyo kama unashuti ndani kwenye taa za umeme weka shata (muda ambao kamera inapokea mwanga kwa kila picha) 1/50 au 1/100 ya sekunde, la sivyo utaona mistari inapita kwenye picha na hautaweza kuitoa baadae. Fremu 25 kwa sekunde kama simu inayo, kama haina weka 30. Zile picha unazotaka ziende taratibu shuti kwa fremu 50 au 60 alafu uzipunguze nusu. Ila slo mosheni isiwe kila mahali, mie nimeweka mara 4 tu, zote pale mtoto anapogusa maji.

HATUA YA 6: MWEZI WA KOPO

Mwezi wa kweli kwenye simu ni punje ya mchele iliyoungua. Nilijaribu siku tatu. Kwa hiyo tengeneza wako, na hii ndo sehemu niliyoipenda kuliko zote.

Chukua kopo la maziwa ya unga, lile kubwa. Ingiza tochi ndani, mdomoni funika karatasi nyeupe ya kawaida, kaza na mpira. Zima taa, washa tochi, una mwezi. Ukitaka madoa kama ya mwezi halisi pitisha kidole chenye mafuta ya kupikia kwenye karatasi, pale penye mafuta mwanga unapita zaidi. Funga kopo kwenye mti wa fagio na mtu alishike juu ya beseni kama mita 1 na nusu, mdomo ukiangalia chini.

Sasa kuuona ndani ya maji. Beseni liwe jeusi au bluu iliyokolea, la rangi ya mwanga halifai. Kopo likae upande wa pili wa beseni, wewe na simu upande huu, na usogee juu chini taratibu mpaka mwezi utokee kwenye maji, mana mwanga unadunda kwenye maji kwa pembe ile ile ulioingilia kama mpira unavyodunda sakafuni. Fokasi hapa inasumbua: ukigusa kioo cha simu kwenye ukingo wa beseni mwezi unakuwa ukungu, gusa kwenye mwezi wenyewe, subiri, funga fokasi. Punguza mwanga mpaka duara liwe na ukingo, lisiwe jeupe lote.

Mtoto akigusa maji mwezi unavunjika vipande vipande alafu unarudi kuwa mzima. Mpwa wangu alipoona mara ya kwanza alisema "Pole" kwa ule mwezi. Haikuwa kwenye skripti. Ipo kwenye filamu, na ni moja ya maneno matano tu yanayosemwa humo.

Kwa ile picha ya mwisho ya mwanga chini ya kawa weka tochi ndani ya bakuli jeupe, funika kawa, zima taa zote. Mwanga unatoka kwenye vitundu vya ukindu na kusambaa ukutani kama nyota. Ungo wa zamani uliotoboka toboka nao unafaa.

HATUA YA 7: CHANDARUA KUWA BAHARI

Chandarua cha bluu ni bora. Ukipata cheupe weka mwanga wa bluu kwa kufunika tochi na mfuko laini wa bluu. Tundika kama kawaida, simu iwe ndani pamoja na mtoto, tochi iwe nje. Mbele ya tochi weka glasi au chupa ya maji na mtu aizungushe taratibu, kwenye chandarua yatatokea mawimbi ya mwanga yanayotembea. Mtu mwingine apulizie chandarua kwa ungo kutoka nje kiwe kinapumua, usitumie feni mana sauti yake inaharibu kila kitu.

Simu itataka kufokasi kwenye nyuzi za chandarua badala ya mtoto. Funga fokasi kwenye uso wa mtoto kabla ya kuanza. Au kinyume chake, anza na nyuzi zikiwa kali na mtoto akiwa kivuli, alafu hamisha. Hiyo ndo njia yangu ya kuingia ndotoni, hakuna ukungu wala kengele wala skrini kutetemeka. Mtoto hajui kama ameingia ndotoni, kwa hiyo na mtazamaji asiambiwe.

HATUA YA 8: UJANJA MWINGINE MDOGO MDOGO

Kurudisha nyuma. Shuti mtoto akimwaga maji kutoka kwenye kata ya nazi kwenda kwenye beseni, alafu cheza kinyume: maji yanapanda kurudi kwenye kata. Sekunde 4 zinatosha.

Vitu kutembea vyenyewe. Ndala za baba zinatoka chumbani peke yake kuelekea mlangoni. Hapa unapiga picha za kawaida, picha moja, sogeza ndala sentimita 3, picha nyingine. Ukizicheza kwa picha 12 kwa sekunde, picha 60 zinakupa sekunde 5 na ndala zimetembea karibu mita 2. Simu isiguswe kabisa, tumia taimer au kitufe cha waya wa sikioni, na mwanga ufungwe, na umalize ndani ya saa 1 mana jua la dirishani linahama na utaliona linaruka ruka kwenye picha.

Kulainisha picha. Soksi ndefu nyembamba ya kike mbele ya lenzi inafanya taa ziwe na nuru ya pembeni. Mafuta mazito ya mgando nayo yanafaa lakini yapakwe kwenye kipande cha kioo safi ukishike mbele, usipake kwenye lenzi ya simu.

Haya yote weka kidogo. Mara ya kwanza mie niliweka filta na moshi wa kompyuta kila sehemu, nikamuonesha mpwa wangu, akaangalia mpaka mwisho kwa adabu alafu akaniambia, "Mjomba mie huwa sioni moshi." Nilifuta nikaanza upya. Kwake mwezi ndani ya beseni ni kitu cha kawaida kama uji, na kitu cha kawaida kinapigwa picha ya wazi, kali, yenye mwanga wa kutosha.

HATUA YA 9: USIKU BILA USIKU

Huku kwetu jua likizama halichelewi. Pwani linazama kati ya saa 12 na robo na saa 1 kasorobo jioni kutegemea mwezi wa mwaka, na baada ya hapo una dakika kama 20 tu za ule mwanga wa bluu kabla ya giza kamili. Hizo dakika 20 ndo usiku wako wa filamu. Weka rangi ya kamera (kwenye simu inaandikwa white balance au WB) kwenye kelvini 3200 na kila kitu kitakuwa bluu, punguza mwanga kidogo, washa taa moja ya njano mbali kwenye dirisha au boti. Mtazamaji ataapa ni saa 8 usiku na mtoto wako saa 1 na nusu anakula.

Shida ni kwamba dakika 20 ni picha 2 au 3 tu. Kwa hiyo panga jioni nyingi. Sini ya baba kuondoka ilinichukua jioni 4. Fanyeni mazoezi kuanzia saa 11 na nusu kila mtu ajue anasimama wapi, mwanga ukifika hakuna kuulizana.

Kwa picha za baharini mpwa wangu hakuingia kwenye maji hata kidogo. Bahari nilishuti peke yangu asubuhi boti zikirudi, na mtoto nilimshuti mchangani, nikaunganisha.

HATUA YA 10: SAUTI, HAPA TUMIA MUDA MREFU KULIKO POPOTE

Filamu nyingi fupi za kwetu ninazoziona picha ni nzuri na sauti inatia huruma. Na kwenye ndoto sauti ndo inabeba kila kitu, mana picha inaonesha chumba na sauti inasema ni bahari.

Kwanza rekodi ukimya. Kila chumba mnachoshuti, kabla hamjaondoka, wote nyamazeni dakika 1 na rekodi hewa ya chumba kile, jogoo wa mbali, mabati yakipoa. Utaiweka chini ya sini nzima na mikato haitasikika.

Pili tengeneza dunia yote kwa vitu vya nyumba ile. Bahari yangu ni choroko kwenye ungo. Weka vikombe 2 vya choroko kwenye ungo, uinamishe taratibu kushoto, kulia, kushoto, simu iwe karibu kama shubiri moja: ni mawimbi kabisa, na yana kitu kikavu ndani yake ambacho bahari ya kweli haina, na masikio yanajua. Injini ya boti ni cherehani ya bibi, nikaipunguza kasi nusu, na sauti ukiipunguza nusu inashuka chini kwa oktavu nzima (kama kutoka do ya juu mpaka do ya chini), ikawa nzito kama kitu kinachopumua. Kinu na mchi kikipigwa chumba cha pili ni moyo.

Tatu, pumzi. Muweke mtoto alale kitandani mchana na simu ya pili karibu na mto, rekodi anavyopumua dakika 5. Hii niliiweka chini kabisa kwenye sini zote za chandarua, hakuna anaeisikia na nikiitoa kila mtu anauliza nini kimepungua.

Nyimbo za watu usichukue bila ruhusa, matamasha yatakukatalia na mtandaoni itashushwa. Bibi yake alikubali kuimba bembelezi moja bila maneno, kwa mdomo umefungwa. Imetosha.

HATUA YA 11: KUEDITI

Programu ya CapCut kwenye simu inatosha, ukiwa na kompyuta yenye nguvu DaVinci Resolve ina toleo la bure na rangi zake ni nzuri sana.

Kata kwa umbo. Beseni likiwa katikati ya fremu, picha inayofuata chapati iwe katikati pale pale na ukubwa ule ule. Sauti ya sini inayokuja ianze sekunde 2 kabla ya picha yake. Picha yako muhimu ionekane mara tatu na kila mara kitu kimoja kimebadilika, kwangu beseni lilikuwa tupu, alafu lina mwezi, alafu limefunikwa.

Rangi nilishika mbili tu. Njano ya taa kwa vitu vya baba, bluu kwa vitu vya mtoto, na zinakutana mara moja, baba anapochuchumaa.

Na tafadhali usimalizie kwa mtoto kuamka ikawa kumbe alikuwa anaota. Mtazamaji amekaa dakika 7 anaiamini kanuni ya mtoto, usimwambie sekunde ya mwisho kwamba haikuwa na maana. Ya kwangu inaisha baba karudi asubuhi, kamkumbatia mtoto, na kwenye shavu la mtoto limebaki gamba moja la samaki linang'aa. Kawa bado imefunikwa. Nini kipo chini yake sijaonesha.

HATUA YA 12: KUITOA

Vibali: Tanzania unaanzia Bodi ya Filamu, Kenya kuna bodi ya kuainisha filamu ambayo ndo inatoa leseni ya kushuti, ulizia mapema kabla hujaanza na sio ukishamaliza. Weka tafsiri ya maneno chini ya picha hata kama maneno ni matano. ZIFF, tamasha la filamu la Zanzibar, imekuwepo tangu mwaka 1998 na inapokea filamu fupi, fuatilia dirisha lao la kutuma. Ukimtumia mtu kwa WhatsApp itume kama dokumenti, ukiituma kama video ya kawaida inabanwa na ile bluu yote inakuwa chenga. Na kwenye filamu kusiwe na beji ya shule, namba ya nyumba wala jina kamili la mtoto.

Lakini kabla ya wote hao aione mtoto. Tundika shuka jeupe, kama una projekta ya kuazima sawa, kama huna kaeni mkeka mmoja muangalie kwenye simu. Usimuulize kama ni nzuri, atasema nzuri. Muulize kuna sehemu imekosewa?

Mpwa wangu alifikiri sana, akasema kawa haikukaa vizuri kwenye beseni, upande mmoja kuna nafasi, mwezi ungetoka. Nikarudisha nyuma nikaangalia, kweli, kulikuwa na nafasi ya vidole viwili. Kesho yake saa 12 jioni tukatoa beseni uani tukairudia ile picha, kawa akaifunika mwenyewe.